Namna ya kuifuatilia meli ya zamani ilowachukua wazee wetu vitani, mfano Khedive Ismail

Hii naiandika kwa watu wa huku kwetu, Malindi, Mambrui, Gongoni, Kilifi mpaka Lamu, ambao nyumbani kuna hadithi ya babu alochukuliwa Keya, yaani jeshi la KAR (King's African Rifles) la Waingereza, wakati wa vita vya Hitla, akapakiwa meli, na hakurudi, na hakuna anaejua meli gani wala mwaka gani wala alizama wapi. Mimi kazi hii nimemfanyia bibi mmoja wa Muyeye, jirani yangu, ikanichukua karibu miezi minne manake nlikuwa nabahatisha tu, leo hapa kesho pale. Wewe ukianza panapofaa utamaliza mapema sana. Unahitaji simu yenye bando, daftari, na moyo wa kukaa na wazee bila kuwaharakisha.

Basi anza na wazee, usianze na intaneti. Na ukikaa nao usiulize "meli iliitwaje", hawajui, hata yeye alopanda pengine hakujua. Uliza vitu ambavyo mtu wa nyumbani anavikumbuka: aliondoka msimu gani, kaskazi au kusi? Mahindi yalikuwa shambani au yashavunwa? Nani alikuwa na mimba, nani alikuwa kashazaliwa? Aliagwa wapi, Kilindini bandarini Mombasa au stesheni ya gari moshi? Kuna wazee wanaohesabia ile mwaka 1940 ndege za Waitaliano zilipotupa mabomu hapahapa Malindi, kwa hiyo ukimuuliza "ilikuwa kabla ya mabomu au baada" unapata jibu safi kuliko kumuuliza mwaka. Bibi yangu wa Muyeye alichokijua ni hiki: mamake alikuwa na mimba yake ya miezi saba, ilikuwa kaskazi, jua kali, na babake aliagwa Kilindini akaambiwa anaenda Bama, ndio Burma.

Na maneno yao yasikilize vizuri. Wazee wakisema stima hawasemi umeme, wanasema meli, manake stima kwa Kiswahili cha zamani ni hiyo meli ya mvuke yenye dohani. Wengine watasema merikebu ya moshi. Wakisema manowari kuwa makini, mara nyingi wanakusudia meli yoyote ilochukua askari hata kama kiasili ilikuwa ya abiria. Halafu hili la Keya limewapoteza wengi: kwa mzee kila alovaa kofia ya serikali ni Keya, lakini kwenye karatasi KAR ni kikosi kimoja tu, kuna waliokuwa mizinga, kuna madereva, kuna mapayonia wa kazi za mikono, kuna hospitali, ukimtafuta mtu wa mizinga kwenye orodha ya KAR peke yake hutamuona mpaka kiama.

Kisha omba kasha. Kila nyumba ina kasha au bati la biskuti lenye karatasi, na hapo ndipo pana mali. Kwa yule bibi tulipofungua tukakuta barua, au niseme ilokuwa barua, mchwa wameila imebaki pembe moja kama kiganja cha mtoto, juu yake kuna namba ya askari na herufi tatu, EAA. Nlikaa na hicho kipande nikakipiga picha mara kumi mchana wa jua, manake wino wa zamani ukiupiga taa ya usiku unapotea, na kwenye picha moja nlipoongeza mwanga ikaonekana na "12 Feb". Namba ya askari ni dhahabu. Majina yaliandikwa hovyo lakini namba aghalabu haikubadilika.

Sasa makosa yangu niyaseme ili usiyarudie. Mimi nilikwenda moja kwa moja Burma. Kwa kuwa familia ilisema Bama, nikatafuta kwenye kumbukumbu ya Rangoon, kuta za majina ya wasio na kaburi ziliopo makaburi ya Taukkyan huko Burma, siku na siku, sipati kitu. Pia kuna mtu alinidai shilingi 1,500 anitafutie "rekodi ya jeshi", nikampa, akaniletea ukurasa ambao baadae nikaona uko wazi kwa kila mtu bila malipo yoyote. Usimpe mtu pesa kabla hujatafuta mwenyewe. Tovuti ya CWGC, ndio ile Tume ya Makaburi ya Vita ya Jumuiya ya Madola, ni bure, na inafunguka hata kwa simu ndogo.

Njia niliopaswa kuifuata ni kuanzia kwenye tarehe na kikosi. EAA ni East African Artillery, askari wa mizinga. 12 Februari, kaskazi, safari kutoka Kilindini kuelekea upande wa Bama, mwaka baina ya 1943 na 1945. Ukiyaweka hayo manne pamoja jibu linakuwa moja tu: Khedive Ismail, ilozama Jumamosi tarehe 12 Februari 1944.

Ukishapata jina la meli usikimbilie siku iliozama. Rudi nyuma mpaka ilipozaliwa. Watu wengi hawaoni umuhimu wa hili, lakini meli za zamani zilibadilishwa majina kama nguo, na kila jina lina karatasi zake, picha zake na kampuni yake, ukijua jina la mwisho tu umeona ukurasa mmoja wa kitabu. Hii yetu ilijengwa mwaka 1922 huko Greenock, Scotland, kwenye karakana ya Scotts, na jina lake la kwanza halikuwa la Kiarabu kabisa, ilikuwa Aconcagua, jina la mlima mrefu kuliko yote Amerika Kusini, manake alioiagiza ni kampuni ya Chile, Compañía Sudamericana de Vapores. Abiria wake wa mwanzo walikuwa watu wa Valparaíso wanaokwenda New York kwa kupitia mfereji wa Panama. Mwaka 1935 ikauzwa Misri kwa kampuni ya Khedivial Mail ya Alexandria, ndio ikapewa jina Khedive Ismail. Mwaka 1940 Waingereza wakaichukua kwa kazi ya kubeba wanajeshi, ikawa haina tena abiria wa tikiti.

Na huyu Ismail mwenyewe si mgeni kwa pwani yetu. Alitawala Misri 1863 mpaka 1879, mfereji wa Suez ulifunguliwa wakati wake mwaka 1869, na mwaka 1875 alituma meli zake na askari mpaka Barawa na Kismayu, ardhi iliokuwa chini ya Sultani Barghash wa Unguja, mpaka Waingereza wakambana akawaondoa. Kwa hiyo jina lililoandikwa omo ya meli ile lilishawahi kutisha watu wa pwani hii miaka karibu 70 kabla haijapakia vijana Kilindini. Nlipolijua hili nilinyamaza kidogo.

Vitu hivi vya kuzaliwa kwa meli unavipata wapi? Sehemu mbili zilinisaidia. Moja ni vitabu vya Lloyd's Register, hivi ni vitabu vya kila mwaka vilivyoorodhesha meli za dunia kwa alfabeti, vimeskaniwa viko Internet Archive bure. Fungua cha mwaka wowote wa karibu 1940, tafuta jina, utaona mstari mmoja mrefu wenye vifupisho, usiogope, utaona jina la zamani, mwaka na mahali ilipojengwa, karakana, mwenyewe, na tani. Hapo kwenye tani nisimame, manake hata waandishi wakubwa huteleza. Khedive Ismail inaandikwa tani 7,513. Hiyo si uzito. Ni kipimo cha nafasi ya ndani ya meli, kila "tani" ni futi 100 za ujazo, kwa hiyo ukiandika kwamba meli ilikuwa na uzito wa tani 7,513 umeshakosea. Sehemu ya pili ni tovuti ya Scottish Built Ships, hii ina meli zilojengwa Scotland peke yake lakini kwa stima za zama hizo ni nyingi mno, na inakupa majina yote ya meli kwa mpangilio. Usihangaike kutafuta namba ya IMO kama ya meli za siku hizi, mfumo huo ulikuja miaka ya 1980, wakati huo stima hii ishalala chini ya bahari miaka zaidi ya arubaini.

Mtego mwingine ni meli pacha. Aconcagua ilikuwa na ndugu yake, Teno, za mwenyewe mmoja, zinafanana kwa sura, na Teno nayo ikauzwa kwa kampuni ileile ya Misri ikaitwa Mohamed Ali El-Kebir, nayo ikabeba wanajeshi wa Kiingereza, nayo ikapigwa topido ikazama, lakini hiyo ni Agosti 1940, upande wa magharibi ya Ireland, na alioizamisha ni nyambizi ya Kijerumani U-38. Mimi nilishasevu picha ya Mohamed Ali nikamuonyesha bibi, nikarudi kumtaka radhi. Kwa hiyo kila picha ulinganishe na jina liloandikwa chini yake na mwaka, usitosheke na sura.

Sasa siku yenyewe. Hapa nenda taratibu, na kila namba iandike pamoja na ilipotoka. Msafara uliitwa KR 8, uliondoka Kilindini mwanzoni mwa Februari 1944 kwenda Colombo, meli tano za kubeba watu: Khedive Ismail, City of Paris, Varsova, Ekma na Ellenga. Zilipokaribia Maldives walinzi walikuwa manowari kubwa Hawkins na mbili ndogo za kasi, Petard na Paladin. Ndani ya Khedive Ismail walikuwemo watu 1,511. Kati yao 996 walikuwa wa kikosi cha 301 cha East African Artillery, ndio hao wazee wetu wa Kenya, Uganda na Tanganyika pamoja na maofisa wao, halafu wanamaji wa Kiingereza, mabaharia wa meli yenyewe, na wanawake, wengi wao manesi.

Mchana kama saa nane u nusu, bahari ya kaskazi, watu wengi wako chini kwenye ukumbi wanasikiliza tamasha la muziki. Nyambizi ya Kijapani I-27 ikapiga topido, mbili zikaingia. Meli ikazama kwa muda wa kama dakika mbili. Hebu hesabu dakika mbili kwa saa yako hapo ulipo, uone ni ngazi ngapi mtu anaweza kupanda kutoka chini. Walokufa ni 1,297. Walookoka ni wanaume 208 na wanawake 6.

Na kuna jambo ambalo ni zito lakini lazima uliandike kama lilivyokuwa. Nyambizi ilijificha chini ya mahali pale watu walipokuwa wakiogelea, na zile manowari mbili zikatupa mabomu yanayolipukia chini ya maji huku watu wetu wamo majini. Makamanda waliona wakiiacha nyambizi itamaliza na meli nyengine nne zilojaa watu. Ikaibuka, Paladin ikaenda kuigonga ikachanika yenyewe ubavu, Petard ikapiga mizinga haikutosha, ikapiga topido moja moja mpaka ya saba ndio ikaikata I-27. Hii Petard ndio ileile ambayo mabaharia wake Oktoba 1942 walitoa vitabu vya siri ndani ya nyambizi ya Kijerumani U-559, kwa hiyo utaikuta imeandikwa kila mahali, na Khedive Ismail imetajwa kwa mstari mmoja tu ndani ya sifa za Petard. Usikubali kuishia kwenye huo mstari. Na hata hiyo 996 usikubali kuishia hapo, manake kila mmoja kwenye hiyo 996 ana jina, na jina ndilo unalolitafuta.

Hapa pana jambo wengi hawalijui: watu wa meli moja hawakuandikwa ukuta mmoja wa kumbukumbu. Waliandikwa kwa kazi zao. Wanamaji wa Kiingereza majina yao yako Chatham, Plymouth na Portsmouth, manesi wa jeshi la Uingereza wako Brookwood, na askari wetu wa mizinga wako Nairobi, kwenye East Africa Memorial ilio ndani ya Nairobi War Cemetery, njia ya Ngong Road. Ndio maana Rangoon sikumpata. Hakufika Bama, na kwa kuwa hana kaburi jina lake lilirudishwa nyumbani.

Kwenye tovuti ya CWGC fungua sehemu ya kutafuta marehemu wa vita, na jina liache wazi kwanza. Jaza vita ya pili, jaza tarehe 12 Februari 1944, jaza kikosi East African Artillery, au jaza jina la kumbukumbu East Africa Memorial. Itakuja orodha ndefu, kurasa kwa kurasa, na unaweza kuishusha yote kama faili la jedwali ukakaa nalo nyumbani bila bando. Kisha pitia kwa namba ya askari. Kama huna namba ndio unaanza kuhangaika na majina, na hapo lazima ufikiri kama karani Mzungu anaesikia jina mara ya kwanza kwenye foleni ya watu mia. Karisa atamuandika Kalisa au Kariza. Charo ataandika Chalo, Sharo. Kahindi atakuwa Kahende. Kombo, Kambo. Mtu wa Kiislamu aitwae Mohamed Athmani unaweza kumkuta chini ya M au chini ya A au Uthman. Jina la baba mara nyingi limefanywa jina la ukoo, mara nyengine ni kinyume chake. Andika kwenye daftari kila namna unayoweza kuifikiria halafu uzipitie zote, usiruke hata moja. Cheo utaona Gunner, huyo ni askari wa mzinga wa kawaida, si kitu cha ajabu.

Na saa. Ukisoma habari za vita kwa lugha nyengine saa zao ni za kuanzia usiku wa manane, 14:30 ni saa nane u nusu yetu. Nimeona mtu kaandika meli ilizama usiku.

Kama unataka kwenda mbali zaidi kuna Nyaraka za Taifa pale Moi Avenue Nairobi, nenda na kitambulisho, jiandikishe, omba ripoti za mwaka za madisii (wakuu wa wilaya) wa pwani za 1943 mpaka 1945, huko utaona habari za watu kuandikishwa na mambo ya nyumbani wakati wa vita. Usitegemee kuiona meli kwenye gazeti la wiki ile, wakati wa vita habari za meli kuzama zilibanwa. Uingereza, kwenye Nyaraka za Taifa zao pale Kew, London, kuna mafaili ya ADM 199 ya mambo ya bahari ya vita, na kadi za safari za meli ziko BT 389. Ya ADM 199 mengi hayajaskaniwa, lakini ukiwa na mtoto wa ndugu London mtume na namba za faili, asiende mikono mitupu akaulize "habari za meli". Misafara unaweza kuithibitisha kwenye tovuti ya ConvoyWeb, na safari za I-27 kwenye tovuti ya Combined Fleet, zote bure.

Ukimpata mtu wako, linganisha vitu vitatu kabla hujaiambia familia: namba, tarehe, na jina hata kama limepinda. Mawili yakikubali na moja likakataa, ngoja kwanza. Ni vibaya sana kumpa mama wa miaka 80 baba asie wake.

Mimi kwa bibi wa Muyeye vyote vilikubali. Nlikwenda asubuhi, tukanywa chai na mahamri kwanza, sikutaka kumrukia, halafu nikamsomea. Akaniambia soma tena. Nikasoma tena. Akauliza, "Na la babaye limeandikwa?" Nikamwambia limeandikwa, herufi moja imekosewa. Akauliza ilikuwa saa ngapi, nikamwambia saa nane u nusu mchana. Akasema mamake alimsimulia kwamba siku zote alidhani ni usiku. Wajukuu sasa wanataka kumwekea koma, kile kigingi cha mti cha kumkumbuka marehemu, karibu na ya babake, wazee walikuwa wanasubiri tu kuambiwa alifia wapi na lini, hawawezi kuweka bila kujua.

Ile karatasi iliotoka kwenye tovuti, yenye jina na namba na ubao aloandikwa, ichapishe nakala mbili na zote zilaminishwe pale kwa wapiga chapa. Moja ya familia, moja ya kwenda nayo Nairobi siku mtakayokwenda, mana ukutani majina ni mengi na yamepangwa kwa kikosi na cheo, bila namba ya ubao mtazunguka juani mpaka mchoke. Kuna kitabu cha wageni pale, andikeni majina yenu na mmekuja kwa nani. Nakala ya nyumbani tumeirudisha kwenye kasha lilelile, chini tumeweka nailoni, na miguu ya kasha tumeitia mafuta taa kwa ajili ya mchwa.